Babu aliletwa na SILABU mwaka 1951, leo tunaitwa wavamizi wa ardhi ya serikali. Miaka yote hii haina uzito?

#1 MjukuuWaManamba
Habari za jioni wakuu.

Naandika nikiwa Korogwe, kwenye kambi ya shamba la mkonge ambalo jina lake sitalitaja kwa sasa. Babu mzaa baba aliandikishwa na SILABU, ile ofisi ya kuandikisha vibarua wa mkonge, huko Kasulu mwaka 1951. Akapanda treni Kigoma, akashuka Korogwe, akapewa kipande (kadi ya kuhesabia siku za kazi) na chumba kwenye kambi. Mkataba ulipoisha hakurudi kwao. Alioa Mzigua, akazaa watoto saba, na alipofariki mwaka 1994 tukamzika nyuma ya kambi chini ya mwembe. Baba alifanya kazi korona, kwenye mashine ya kuchakata mkonge, mpaka ilipozimwa, na bado wafanyakazi walikuwa wanadai mishahara. Meneja wa wakati ule akawaambia wazee: limeni hapo hapo mle wakati mnasubiri haki zenu. Wakalima. Michungwa aliyopanda baba sasa ni minene kuliko kiuno changu.

Baadaye hati ya shamba ikafutwa, ardhi ikarudi serikalini. Tulishangilia, tulidhani tutapimiwa. Mwezi uliopita imeletwa notisi ya siku 30. Imeandikwa kwa "wavamizi wote wa ardhi ya serikali".

Swali langu ni moja. Mtu aliyeletwa na mwajiri kwa treni, akakaa yeye, mwanawe na mjukuu wake, anakuwaje mvamizi?

#2 Kiroboto Mstaafu
Pole sana mkuu. Nakaa hapa kusubiri wanasheria.

#3 Dogo Msambaa
Hilo mbona rahisi. Ukikaa kwenye ardhi miaka 12 bila kubughudhiwa inakuwa yako. Nyie mna zaidi ya 70. Nendeni mahakamani mkachukue ushindi wenu.

#4 Wakili wa Kata
#3, hiyo "miaka 12 inakuwa yako" imeshawaliza wengi. Miaka 12 ni ukomo wa mtu kudai ardhi yake mahakamani. Haimaanishi kwamba saa inapogonga mwaka wa 12 wewe unageuka mmiliki. Mahakama ya Rufani ililieleza vizuri kwenye kesi ya masista wa Roho Mtakatifu dhidi ya wakazi zaidi ya mia moja: kukaa muda mrefu peke yake hakukupi umiliki, na aliyeingia kwa kukaribishwa hawezi kugeuka baadaye akasema nimekaa kwa kumpinga mwenye ardhi.

Hapo ndipo kesi ya mleta uzi inapokuwa ngumu. Babu yake hakuvamia, kweli. Lakini aliingia kwa ruhusa ya mwajiri. Nyumba ya kambi ni sehemu ya ajira. Ajira ikiisha, ruhusa nayo inaisha.

#5 MjukuuWaManamba
Wakili, nakushukuru, ila naomba unisaidie kuelewa. Akija bila ruhusa ni mvamizi. Akija kwa ruhusa, ruhusa imeisha, ni mvamizi. Kuna njia gani ambayo mtu maskini angeingia pale akawa si mvamizi?

#6 Kiroboto Mstaafu
Hapo #5 umeuliza swali zito.

#7 Mtoto wa Kipawa
Mimi naongea kwa uzoefu. Sisi Kipawa tulikuwa karibu na uwanja wa ndege. Tathmini ilifanyika 1997, malipo yakaja baada ya zaidi ya miaka kumi. Miaka yote hiyo huwezi kupaka rangi nyumba, huwezi kuongeza chumba, benki haikutazami. Mama alikuwa anaweka ndoo sebuleni kila masika kwa sababu kubadili bati ni kupoteza hela. Kwa hiyo hata wenye haki ya kulipwa wanaumia. Mleta uzi, msikimbilie neno fidia tu. Ulizeni italipwa lini, kwa bei ya mwaka gani.

#8 Mpimaji wa Bara
Naongezea hapo kwa #7. Siku hizi kuna Sheria ya Uthamini ya 2016, tathmini ikipita miaka miwili bila malipo inakufa, inafanywa upya. Yaliyowapata watu wa Kipawa ndiyo yalifundisha nchi.

Sasa mleta uzi, mimi nina maswali ya kikazi. Hiyo michungwa iko upande gani wa bikoni (alama za mpaka) za shamba? Mashamba ya mkonge yalipimwa zamani sana na mengi mipaka yake kwenye ramani si ile ambayo watu wanaijua kwa macho. Nimepima maeneo ambayo wanakijiji waliambiwa wako ndani ya shamba, tukafukua bikoni tukawakuta wako nje mita mia mbili. Na kinyume chake pia nimekiona. Usijadili haki kabla hujajua umesimama wapi.

#9 Simba wa Mnyusi
Kidogo nirekebishe historia. Babu wa mwaka 1951 hakuweza kupanda treni Kigoma akashuka Korogwe. Reli ya kuunganisha Ruvu na Mnyusi ilifunguliwa 1963. Kabla ya hapo reli ya kati na reli ya Tanga zilikuwa hazikutani. Walishushwa njiani kwenye reli ya kati wakamaliziwa kwa malori. Baba yangu alikuwa turniboi wa lori hizo, alisema watu walifika wakiwa weupe kwa vumbi, hujui Muha wala Mbena wala Mnyarwanda.

#10 MjukuuWaManamba
#9 asante mzee wangu. Nimemuuliza shangazi amethibitisha, anasema babu alikuwa akisimulia lori na baridi ya usiku. Mimi nilikariri treni tu.

#11 Simba wa Mnyusi
Usijali. Na kule kambini mlikuwa kambi gani? Sisi tulikuwa na kambi ya Wamakonde, kambi ya Waha, kambi ya Wabena. Jumamosi ngoma ilikuwa haishi. Waha walikuwa hawawezi kucheza kabisa.

#12 MjukuuWaManamba
Kambi ya Waha mzee, na kucheza tulikuwa tunaweza. Nyie mlikuwa mnakuja kula migebuka yetu ikiletwa kutoka Kigoma.

#13 Kidulanje
Naomba nitofautiane na wengi. Ardhi ya serikali ni ardhi ya wote. Shule niliyosoma ilikuwa na viwanja viwili vya mpira na shamba la mihogo. Leo watoto wanafanya mazoezi barabarani kwa sababu watu walijenga kidogo kidogo, kila mmoja na hadithi yake nzuri, na kila mmoja alisema nimekaa muda mrefu. Serikali ikichelewa kuwaondoa, wanasema umeniacha. Ikiwahi, wanasema ina ukatili. Sasa itunze vipi eneo la zahanati ya kesho? Simsemi mleta uzi, nina huruma naye kwa dhati. Ila kanuni ya "aliyekaa sana apewe" itatumaliza.

#14 Mama Michungwa
Kidulanje, aliyemega uwanja wa shule usiku ni sawa na mtu aliyeandikishwa na SILABU, akapewa namba, akakata mkonge wa nchi hii? Mwaka 1964 Tanganyika ilitoa tani zaidi ya laki mbili za mkonge. Fedha za kigeni zilizojenga hizo shule unazozililia zilitoka kwenye migongo ile.

#15 Kidulanje
Mama, sijasema ni sawa. Nimesema sheria haiwezi kuangalia mgongo wa nani uliumia.

#16 Mkazi wa Kimara
Sheria gani? Kimara mpaka Kiluvya tulibomolewa 2016 kwa sababu ya hifadhi ya barabara ya mita 121.5 kila upande. Barabara kuu nyingi nchini hifadhi ni mita 30, kwetu 121.5. Kuna watu walikuwa na hati. Kuna watu walikuwa na zuio la mahakama mkononi.

#17 Mpimaji wa Bara
Ilikuwa 2017 mkuu, si 2016. Na mita 30 ni kwa sheria ya 2007. Zamani ilikuwa 22.5. Ndiyo maana kulikuwa na X za rangi mbili kwenye kuta za nyumba: uliyejenga ndani ya 22.5 unapigwa X nyekundu, huna kitu. Ambaye barabara ilimfuata kati ya 22.5 na 30 anapigwa X ya kijani, huyo analipwa. Barabara ya Morogoro ina historia yake ya tangu mkoloni, ndiyo hiyo 121.5.

#18 Mkazi wa Kimara
Ni 2017 kweli, nilichanganya na mwaka tuliopigwa X. Lakini angalia ulichoandika mwenyewe: "ambaye barabara ilimfuata". Kumbe serikali inakubali kwamba kuna mtu alitangulia na sheria ikamkuta. Mleta uzi naye si shamba ndilo lililofutwa yeye akiwa ndani? Mpeni X ya kijani.

#19 Wakili wa Kata
#18 amegusa jambo ambalo nilitaka kulifikia, ngoja nilieleze kwa urefu kidogo.

Sheria ya Ardhi Na. 4 ya 1999, kifungu cha 3, inaweka misingi ya sera ya ardhi. Mmojawapo unasema fidia kamili, ya haki na ya haraka ilipwe kwa mtu yeyote ambaye haki yake ya kumiliki, au *ukaaji wake wa muda mrefu unaotambulika*, au matumizi yake ya kimila, yamefutwa au kuingiliwa na dola. Angalieni: ukaaji wa muda mrefu umetajwa peke yake, pembeni ya hati na pembeni ya mila. Bunge lilijua kuna watu wa aina ya mleta uzi.

Shida iko kwenye neno "unaotambulika". Unatambulika na nani? Mwanasheria wa serikali atasema: utambuzi ni barua ya ofisi ya ardhi. Mimi nikisimama upande wenu nitasema: utambuzi ni mwenendo. Kitongoji kimesajiliwa, mwenyekiti anachaguliwa, sanduku la kura linaletwa, shule ya msingi imejengwa na serikali hiyo hiyo. Huwezi kumpigia kampeni mtu kwenye kibaraza chake halafu useme hukujua yupo.

#20 Dogo Msambaa
Na umeme! LUKU wanayo. Ushahidi tosha.

#21 Wakili wa Kata
LUKU haithibitishi umiliki, dogo. Inathibitisha kwamba upo. Kwa hoja ya ukaaji inasaidia, kwa hoja ya umiliki haisaidii kitu. Hata kodi ya jengo ni hivyo hivyo.

#22 Kisauni Mtaani
Wandugu salamu kutoka Mombasa. Mada hii yatuhusu sana huku Pwani, sisi tumekuwa maskwota kwa ardhi ya mababu tangu sheria ya Mwingereza ya 1908 iliyotaka kila mtu alete madai yake ya shamba. Asiyeleta, shamba likawa la taji. Wazee wengi hawakujua hata kama kuna karatasi inatakiwa. Na mjini tuna kitu chaitwa nyumba bila ardhi: nyumba yako, ardhi ya mwingine, walipa kodi ya kiwanja kila mwezi miaka nenda miaka rudi.

Kisheria Kenya ni wazi, hiyo miaka 12 haifanyi kazi kabisa kwa ardhi ya serikali, imeandikwa kwa sheria yenyewe. Lakini kuna kesi ya Mitu-Bell. Kijiji cha Mitumba karibu na uwanja wa Wilson kilibomolewa Novemba 2011. Kesi ikaenda mpaka Mahakama ya Juu, Januari 2021 ikaamua kwamba waliokaa muda mrefu kwa ardhi ya umma hawana hati, sawa, lakini wana haki ya makazi inayolindwa. Hawatolewi kama takataka. Lazima notisi ya kutosha, lazima mazungumzo.

#23 Kidulanje
Na walirudishiwa ardhi?

#24 Kisauni Mtaani
Nyumba zilibomolewa 2011, uamuzi 2021. Hesabu mwenyewe ndugu yangu mtoto aliyekuwa darasa la kwanza alikuwa wapi.

#25 Bi Mwana wa Unguja
Assalaam alaykum. Huku kwetu baada ya Mapinduzi ya 1964 ardhi yote ikawa ya serikali, na watu wakagaiwa eka tatu tatu. Marehemu baba alipewa yake na karatasi, tukapanda mikarafuu. Sisi watoto tulikuwa tunaita "shamba letu". Alipofariki ndipo tukaelezwa kwamba zile eka ni za kutumia, si za kuuza wala kukatiana kama tunavyotaka. Mwanangu wa Korogwe, karatasi pekee haikutoshi, soma karatasi yako yasemaje.

#26 MjukuuWaManamba
Shikamoo Bi Mwana. Sisi hata hiyo karatasi ya kusoma hatuna. Tuna vipande tu. Baba kavihifadhi kwenye kopo la maziwa ya unga, cha babu cha mwanzo kabisa kimo, siku 30 za kazi zimewekewa alama moja moja.

#27 Bi Mwana wa Unguja
Marahaba mwanangu. Hilo kopo lisitoke ndani kwenu. Atakayetaka kuona, apewe nakala.

#28 Mpimaji wa Bara
Nakazia #27. Na lile swali langu la bikoni hujalijibu.

#29 MjukuuWaManamba
Samahani mkuu, nilikwenda kuangalia na kaka kabla ya kujibu. Tumepata bikoni mbili, moja imekwama ndani ya kichuguu. Nyumba na kambi ziko ndani ya shamba. Michungwa mingi iko ndani. Lakini kuna eka kama mbili za muhogo ziko ng'ambo ya bikoni, upande wa kijiji. Zile babu alipewa na shemeji zake wa Kizigua alipooa, alipeleka mbuzi na pombe. Shangazi anajua hata nani walikuwepo siku hiyo.

#30 Wakili wa Kata
Sasa umefungua mlango mwingine kabisa. Zile eka mbili usizichanganye na kambi hata siku moja. Ile ni ardhi ya kijiji, umeipata kimila, na tangu kesi ya Akonaay ya mwaka 1994 Mahakama ya Rufani ilishasema haki ya kimila ni mali inayolindwa na Katiba. Huhitaji hati. Ukiandika barua moja ukaweka vyote pamoja, watakujibu kwa lile dhaifu na lile lenye nguvu litazama nalo.

#31 Mwanahistoria wa Basotu
Wakili yuko sahihi ila nitie tahadhari. Sisi Hanang tulishapita huko na mashamba ya ngano ya NAFCO, shirika la kilimo la serikali. Kijiji cha Mulbadaw kilishinda Mahakama Kuu, kikapoteza kwenye Rufani mwaka 1985, na sababu mojawapo ilikuwa hawakuthibitisha kwamba kila mdai ni mwenyeji kwa maana ya sheria ya ardhi ya mkoloni. Watu wamechunga pale vizazi na vizazi, wakaulizwa: thibitisha wewe ni mwenyeji. Mtu atamuuliza mjukuu wa Muha: mila gani ya Kiha iko Korogwe? Shangazi yako aandikwe maelezo yake mapema, angali ana nguvu.

#32 Mama Michungwa
Inaniuma sana hii. Walihamishwa kutoka kwao kwa sababu ya mkonge, halafu wanaulizwa kwa nini hawako kwao.

#33 Mzee wa Same
Mimi naona mnazunguka sana na vifungu. Hapo kuna mwekezaji. Shamba lilifutwa likakaa pori miaka yote hakuna aliyewaita wavamizi. Bei ya mkonge imepanda, ghafla ni wavamizi. Tafuteni nani ameomba hilo eneo.

#34 Kidulanje
Mzee, unajua au unahisi? Inawezekana wanataka kupima viwanja wagawie hao hao wananchi. Yamefanyika hayo pia kwa mashamba yaliyofutwa.

#35 Mzee wa Same
Nahisi. Lakini kupima viwanja huanzi kwa kuwaita watu wavamizi.

#36 Mpimaji wa Bara
Wote wawili mnaweza kuwa sahihi. Nimeona mpango ambao nusu ni viwanja vya wakazi na nusu ya mwekezaji. Aliyeandika notisi kule ofisini mara nyingi ananakili ya zamani anabadili jina la kijiji. Sheria hiyo hiyo ya ardhi ina sehemu ya urasimishaji, na kigezo kimoja ni watu wengi kuwa wamekaa hapo muda mrefu. Ombeni hilo kwa maandishi sasa hivi, kabla greda halijafika.

#37 Kiroboto Mstaafu
Siku 30 zimebaki ngapi?

#38 MjukuuWaManamba
Kumi na moja.

#39 Wakili wa Kata
Basi sikilizeni kwa makini. Kuishtaki serikali lazima utoe notisi ya siku 90, na tangu marekebisho ya 2020 hata halmashauri na taasisi zake zimo, unamuunganisha Mwanasheria Mkuu na unafungua Mahakama Kuu. Baraza la ardhi la wilaya msipoteze nauli. Siku 90 na siku 11 haziendani, najua. Ndiyo maana kuna ombi linaloitwa Mareva: unaiomba Mahakama Kuu izuie ubomoaji wakati notisi yako inaiva. Hutolewa kwa hiari ya jaji, si haki yako moja kwa moja. Tafuteni wakili mwenye uzoefu wa hilo. Kama fedha hakuna, kuna Kituo cha Sheria na Haki za Binadamu, kuna HAKIARDHI, na ile kampeni ya msaada wa kisheria ya Mama Samia. Piga simu kesho asubuhi, usisubiri Jumatatu.

#40 Mkazi wa Kimara
Pokea ushauri wa wakili ila na mimi nikuambie tulichojifunza kwa maumivu: zuio likipatikana, nakala iwe na kila kaya. Dereva wa greda hasomi faili la mahakama, anasoma karatasi unayomwonyesha. Na hata hiyo kwetu haikutosha. Pigeni picha kila chumba, kila mti, kabla.

#41 Dogo Msambaa
Na makaburi je? Hayo nayo yanabomolewa?

#42 Bi Mwana wa Unguja
Mwanangu umeuliza la maana kuliko sote.

#43 Mpimaji wa Bara
Kuna sheria yake, ya kuhamisha makaburi ya mwaka 1969. Yanatolewa notisi, ndugu wanashirikishwa, na gharama za kufukua na kuzika upya zinalipwa. Wathamini huyaorodhesha moja moja. Yasiyojulikana ya nani ndiyo hupotea.

#44 Simba wa Mnyusi
Hapo mtapata shida. Manamba wengi walikufa bila ndugu hapa. Walizikwa na wenzao wa kambi, wengine waliandikwa namba ya kipande tu kwenye ubao, na ubao umeliwa na mchwa. Baba alikuwa akituonyesha: huyu alitoka Urundi, huyu Songea, huyu hatukujua jina lake tulimwita Kaka Mrefu.

#45 Kidulanje
MjukuuWaManamba, msimamo wangu kuhusu ardhi ya umma haujabadilika. Lakini niko Segera, nina pikipiki na simu yenye kamera nzuri. Jumamosi nikija kusaidia kupiga picha na kuorodhesha, nitapokelewa?

#46 MjukuuWaManamba
Karibu sana kaka. Utakula muhogo wa ng'ambo ya bikoni.

Wakuu nawajulisha tulipofikia. Wakili wa Tanga amepatikana, amesoma vipande, amesema atajaribu Mareva lakini hakutuahidi kitu. Barua ya urasimishaji imepelekwa leo, tumegongewa muhuri wa kupokelewa. Shangazi ameandikwa maelezo kurasa sita. Jioni tulikuwa makaburini na vijana wa kambi nzima. Tumehesabu 94, na upande wa bondeni bado hatujashuka. Yenye majina ni 31.

#47 Simba wa Mnyusi
Nisubirini hiyo Jumamosi. Nakuja na mzee mmoja wa kambi ya Wabena, ana miaka 88, macho hayaoni vizuri lakini ukimshika mkono ukamtembeza anajua nani amelala wapi.